Trei za Kebo Chini ya Mlima Meru: Kutu Huanzia Wapi

Nilikuwa kwenye chumba cha pampu cha shamba moja la waridi, upande wa Usa River, karibu na Arusha. Trei ya kebo ilipita juu ya matangi ya mbolea ya maji, ikakata kona na kutokea ukutani kuelekea mabanda ya maua. Ukiitazama kutoka chini ilionekana nzima, kijivu kilichofifia kidogo, basi. Fundi wa shamba akapanda ngazi, akashika nati ya kiungo kwa vidole viwili na kuipukuchua kama punje za mahindi. Unga mwekundu ukamwagikia kiganjani. Akahamia kiungo cha pili, hali ileile. "Kaka, hii kazi ina miaka mitatu tu," akaniambia. Kebo nzito za pampu zilikuwa zimelala kwenye trei isiyo na tatizo lolote, iliyoungwa kwa bolti ambazo hazikuwa bolti tena.

Arusha iko mita 1,400 hivi juu ya usawa wa bahari, na kutoka hapa hadi pwani ya karibu ni zaidi ya kilomita 300. Kwa sababu hiyo swali la kutu kwenye njia za umeme hupata majibu mawili hapa mjini, na yote mawili yanatugharimu. La kwanza linasema kutu ni shida ya Tanga, Dar es Salaam na Unguja, kwa hiyo huku juu chochote kinachong'aa dukani kinatosha. La pili huja na michoro iliyoandaliwa kwa ajili ya pwani: kila trei iwe stenlesi au ya daraja la juu kabisa, hata ile inayopita juu ya dari ya ofisi kavu ambako bati la kawaida lingekaa miongo bila kubadilika. Mwenye jengo akiona bei, anafuta mstari mzima na kurudi kwenye jibu la kwanza.

Ninavyoona mimi, hewa ya Arusha, kama hewa, ni pole kwa chuma chenye zinki. Kinachokula trei hapa kinatokana na kazi inayofanyika chini yake: tindikali ya shamba la maua, uchachu wa kahawa, klorini ya bwawa la kuogelea, magadi ya maji ya Meru, na mikono yetu sisi mafundi siku ya kufunga. Ndiyo maana trei ichaguliwe kwa chumba, mara nyingine hata kwa ukuta, na jina la mji liwekwe kando.

Tuanze na hewa yenyewe. Kiwango cha kimataifa cha ISO 9223 hugawa mazingira kwa ukali wake, kuanzia C1, ambayo ni ndani ya jengo kavu, hadi C5, na juu yake CX ya mahali pakali kupita kiasi. Njia mojawapo ya kupima ni rahisi kuelewa: zinki inapungua mikroni ngapi kwa mwaka, mikroni moja ikiwa sehemu ya elfu ya milimita. Kwenye C2 zinki hupungua kati ya mikroni 0.1 na 0.7. Kwenye C3 ni kati ya 0.7 na 2.1, C4 inafika 4.2, na C5 inafika 8.4. Kwa uamuzi wangu sehemu kubwa ya mji, kutoka Kaloleni hadi Njiro na kuteremka Kisongo, ni C2. Miteremko yenye ukungu na mvua nyingi, ukipanda kutoka Ilboru kuelekea msituni, inasogea C3. Ukishuka hadi ufukweni, mita chache kutoka majini, unakuta C5 au zaidi.

Sasa weka zinki juu ya namba hizo. Bati lililopakwa zinki kiwandani kabla ya kukunjwa kuwa trei, lenye alama ya Z275, lina gramu 275 za zinki kwa mita ya mraba, pande zote mbili kwa pamoja. Ukigawanya unapata karibu mikroni 20 kila upande. Trei iliyokunjwa na kutobolewa kwanza, kisha ikachovywa nzima kwenye zinki iliyoyeyuka, inapata zaidi: ISO 1461 inadai wastani wa mikroni 55 kwa chuma chenye unene kati ya milimita 1.5 na 3, na mikroni 45 kwa chembamba kuliko hapo. Bolti za kawaida za dukani, zile zinazong'aa rangi ya fedha au manjano, zimepakwa zinki kwa umeme, na mara nyingi ni mikroni 5 tu.

Piga hesabu kwa ukali wa juu wa kila daraja. Mikroni 20 zikiliwa 0.7 kwa mwaka zinakaa miaka 28. Zikiliwa 2.1 hazifiki 10. Mikroni 55 kwenye 2.1 zinakaa miaka 26. Na mikroni 5 za bolti, kwenye hewa hiyohiyo ya 2.1, hazifikishi miaka miwili na nusu. Hapo hujaongeza mvuke wa tindikali. Bolti za Usa River zilikufa kwa umri wake halali, na aliyezinunua alikuwa amelipia trei iliyochovywa vizuri.

Shida inaanzia kwenye neno moja. Chukua orodha ya vifaa ya mradi wowote wa kati hapa mjini, utakuta mstari unaosema trei ya kebo ya galvanaizi, milimita 300, mita kadhaa, pamoja na vifungio. Neno galvanaizi linabeba mikroni 5 na mikroni 85 kwa pamoja. Wazabuni watatu wanaweza kuandika bei tatu zinazotofautiana sana, wote wakiwa wakweli, na mwenye mradi akachukua ya chini akidhani amelinganisha kitu kimoja. Dawa ipo tangu zamani. Kiwango cha IEC 61537, kinachohusu trei na ngazi za kebo, kina madaraja ya kutu kuanzia 0 hadi 9. Daraja la 1 ni zinki ya umeme ya mikroni 5 na la 2 ni mikroni 12. La 3 ni bati la Z275. La 5 hadi la 8 ni kuchovywa, kutoka mikroni 45 kupanda hadi 85. La 9 ni stenlesi, 9A ikiwa aina ya 304 na 9B aina ya 316. Kuandika "daraja la 6, vifungio vyote vya daraja lisilopungua hilo" kunachukua nusu mstari, na kunafunga mlango ambao hasara nyingi hupitia.

Na dukani? Macho yanaweza kufanya nusu ya kazi. Chukua trei na utazame ndani ya tundu, ukingoni. Kama bati lilipakwa kabla ya kutobolewa, ukingo wa tundu ni chuma kitupu, unaonekana mstari mwembamba wa rangi tofauti na uso. Kama trei ilichovywa nzima, zinki imeingia hadi ndani ya tundu, na mara nyingi utaona vimatone vilivyogandia kwenye kona au tundu dogo lililozibwa nusu. Uso wa kuchovya ni wa kijivu kilichopoa. Uso wa bati lililopakwa kiwandani unang'aa, na mwingine una maua kama ya barafu. Mnunuzi mgeni hupenda unaong'aa. Nusu ya pili ya kazi ni ya kipimo cha sumaku, kidude cha mkononi kinachosoma unene wa zinki kwa kugusishwa tu. Kampuni yoyote inayonunua trei kwa mamia ya mita ingepaswa kuwa nacho, kama inavyokuwa na mita ya kupimia ethi.

Sisemi kwamba bati la Z275 ni baya. Ukingo ule mtupu hautafunwi haraka kama watu wanavyohofia, kwa sababu zinki ya jirani hujitoa kwa ajili ya chuma: inaliwa yenyewe na kukilinda kilicho karibu. Kwenye bati jembamba ukingo hubadilika rangi kuwa kahawia, kisha unatulia. Ndani ya majengo makavu, kwenye korido za ofisi, madarasa ya Chuo cha Ufundi au kumbi za mikutano kama za AICC, ninaichagua bila wasiwasi na kuelekeza pesa kwenye kebo. Hapo hakuna la kuongeza.

La kuongeza lipo kwenye vyumba vya kazi, na mashamba ya maua ndiyo shule kubwa ya eneo hili. Waridi hulindwa dhidi ya ukungu mweupe wa majani kwa vyungu vya umeme vinavyovukiza salfa usiku ndani ya banda. Salfa hiyo haiishii kwenye majani. Inatua kama vumbi laini juu ya kila kitu kilicholala, trei ikiwamo, na chungu kikipata moto kupita kiasi inaungua na kutoa gesi ambayo ikikutana na umande inakuwa tindikali. Ongeza mbolea zenye chumvi zinazorushwa na mabomba, ongeza unyevu wa kila alfajiri. Kwenye chumba cha kuchanganyia mbolea hali ni kali zaidi, kwa sababu maji ya hapa yana ualkali na mashamba hulazimika kuyatuliza kwa tindikali ya naitriki au fosforiki kabla ya kuyapeleka kwenye mizizi. Pipa la naitriki likifunguliwa kila siku, mvuke unapanda, na kitu cha kwanza unachokutana nacho ni tumbo la trei.

Zinki huvumilia maji yaliyo kati ya pH 6 na 12 hivi. Nje ya hapo inayeyuka, na kuongeza unene ni kununua miezi tu. Kwenye chumba kama hicho uchaguzi wa kweli ni trei ya faibaglasi yenye utomvu unaostahimili tindikali, au stenlesi 316 ukishajua ni tindikali gani. Naitriki stenlesi inaivumilia. Tindikali ya haidrokloriki, ile wengine wanayoitumia kusafishia vigae, haiivumilii hata kidogo. Lakini kabla ya kununua chochote, uliza kama trei lazima ipite pale. Mara nyingi ilichorwa juu ya matangi kwa sababu ukuta ule ulikuwa mfupi kwa mita sita. Mita sita za kebo ni rahisi kuliko kubadilisha trei kila baada ya masika tatu.

Kahawa ina uchachu wake. Kwenye vinu vya kumenya kahawa mbichi kwenye miteremko ya Meru, buni hulowekwa ili utelezi wake uchache na kutoka, na maji yale hushuka kuwa ya tindikali kama ya matunda. Yanaruka, yanatiririka sakafuni, yanapanda kama harufu. Msimu ni mfupi, miezi michache, ndiyo maana watu hawaoni uharibifu hadi msimu wa tatu au wa nne. Hapo stenlesi 304 inatosha kwa vipande vilivyo karibu na matangi, na trei ya kuchovya kwa sehemu nyingine zote. Kikubwa ni trei iwe ya ngazi badala ya bati lenye matundu, ili maji na maganda visipate pa kulala.

Sasa magadi. Mama yeyote wa Arusha aliyepika makande kwa magadi kwenye sufuria ya alumini anajua kinachotokea: sufuria inageuka nyeusi ndani. Alumini hujilinda kwa ngozi nyembamba ambayo haionekani, na ngozi hiyo inakaa salama kwenye maji yaliyo kati ya pH 4 na 8.5 hivi. Magadi yanavuka mpaka huo kwa urahisi. Miamba ya Meru ni ya volkano yenye sodiamu nyingi, na maji yanayopita humo, hasa upande wa Ngarenanyuki na maziwa ya Momella, hubeba magadi pamoja na floraidi ile iliyotia rangi meno ya vizazi vizima na kusababisha kituo cha Ngurdoto kuchuja maji kwa mkaa wa mifupa. Floraidi ni shida ya meno na mifupa ya watu. Kwa trei, cha kuogopa ni magadi yanayobaki maji yakikauka. Pampu ya kisima inayovuja, bomba la kuoshea magari, tangi linalofurika juu ya ukuta: kila tone linaacha unga mweupe, na unga huo ukilowana tena unakuwa mkali kuliko maji yaliyouleta.

Nimesikia wahandisi wakishauri trei za alumini kwa Arusha kwa sababu ni nyepesi na hazina kutu nyekundu. Kwenye paa safi linaloshwa na mvua ushauri huo ni mzuri. Kwenye chumba cha kisima chini ya Meru si mzuri, na kwenye ukuta unaopigwa lipu ni mbaya zaidi, kwa sababu saruji mbichi ina ualkali mwingi kuliko magadi. Wale wanaofunga umeme wa jua kwenye kambi za Ziwa Natron wana sababu mbili za kuwa makini: ziwa lenyewe ni la magadi, na Ol Doinyo Lengai, uliolipuka 2007 na 2008, ni mlima unaotoa lava yenye magadi. Zinki iliyochovywa hustahimili ualkali huo wa kiasi vizuri kuliko alumini. Hapa kitu cha bei ya chini ndicho bora, na ni jambo la kufurahia linapotokea.

Klorini inahitaji tahadhari ya aina nyingine. Hoteli na lodji za Arusha nyingi zina bwawa, na kila bwawa lina chumba cha pampu ambamo ndoo za klorini hufunguliwa bila dirisha. Mtu akiona kutu huko husema weka stenlesi. Lakini tarehe 9 Mei 1985, huko Uster, Uswisi, dari ya zege ya bwawa la kuogelea la ndani ilianguka na kuua watu 12. Dari hiyo ilikuwa imening'inizwa kwa vyuma vya stenlesi. Uso haukuonyesha kutu ya kutisha. Utando wa kloridi ulikuwa umejikusanya juu ya vyuma ambavyo havikuwahi kuoshwa na mvua wala kitambaa, na kwa kuwa vilikuwa vimevutwa na uzito muda wote, nyufa nyembamba zilipenya ndani kimyakimya hadi vikakatika. Tangu hapo wahandisi wa Ulaya hawaamini stenlesi ya kawaida kubeba mzigo juu ya bwawa la ndani.

Ninalitaja tukio hilo kwa sababu fimbo zenye hesi zinazoning'iniza trei ziko kwenye hali hiyohiyo: zimevutwa muda wote, ziko juu, hakuna anayezifuta. Zinki ina heshima moja ambayo stenlesi haina. Inapochoka inaonyesha. Inatoa unga mweupe, kisha madoa ya kahawia, na mtu mwenye macho anapata miaka ya kujiandaa. Kwenye chumba cha klorini ningeweka trei ya faibaglasi au ya plastiki nzito ukutani, juu ya braketi, bila kuning'iniza chochote, na ningehamisha ndoo za klorini kwenye kibanda cha nje chenye upepo. Hatua hiyo ya pili ni ya bure na inaokoa pia mapafu ya mhudumu.

Faibaglasi nayo ina adui yake hapa, jua. Tuko digrii tatu na kidogo kusini mwa ikweta na juu ya mawingu ya wengine. Trei ya faibaglasi isiyo na tabaka la kuzuia mionzi hukauka uso, nyuzi zikachomoza, na fundi anayeigusa bila glavu anajikuna hadi usiku. Nunua iliyoandikwa kwa matumizi ya nje, ikatwe mtu akiwa amevaa barakoa, na kila ukingo uliokatwa upakwe utomvu, la sivyo maji yanaingia kwenye nyuzi. Ina faida moja ambayo haimo kwenye kitabu chochote cha kiwango: mnunuzi wa chuma chakavu haitaki. Kwenye pampu za mashambani zisizo na mlinzi, sababu hiyo peke yake inaweza kuamua.

Mabwawa ya majitaka na vituo vya kusukumia maji machafu niyapite haraka, kwa maana jibu lake ni fupi: gesi yenye harufu ya yai bovu inageuza shaba kuwa nyeusi na kuila zinki. Stenlesi 316 au faibaglasi, bila mjadala.

Tukishachagua vizuri, bado tunaweza kuiua trei kabla haijapanda ukutani. Masika inaanza Machi, na miradi mingi hupokea vifaa wakati huohuo. Trei hushushwa zikiwa zimefungwa kwa mkanda, moja ndani ya nyingine, zikalazwa chini na kufunikwa turubai. Maji huingia katikati yake na kukosa pa kutokea wala hewa. Zinki inahitaji hewa ili ijenge ngozi yake ya kijivu, na ikikosa hewa huku imelowa inageuka unga mweupe mzito ndani ya wiki chache. Nimeona mrundo ulioteremshwa Aprili na kufunguliwa Juni, trei za katikati zikiwa zimepoteza zinki ambayo ukutani ingekaa miaka mingi. Zitenganishwe kwa vipande vya mbao, ziinuliwe upande mmoja ili maji yateremke, na turubai lisiguse.

Kisha kuna grainda. Ni chombo chetu sote, na kwa trei ni kibaya. Cheche zake ni chembe za chuma kilichoyeyuka. Zinaruka, zinagandia juu ya zinki safi ya trei za jirani, na baada ya mvua moja kila chembe inakuwa doa jekundu. Mwenye jengo akiona madoa hayo hudai trei ni feki. Kata kwa msumeno inapowezekana, kata mbali na mrundo, futa vumbi la chuma, na ukingo upigwe tupa. Baada ya hapo rangi ya zinki, ile yenye zinki nyingi kweli, siyo ya fedha ya kupamba geti. ISO 1461 inataka ukarabati wa namna hiyo uwe na unene wa mikroni 100 angalau, yaani zaidi ya zinki ya awali, na kila kidonda kisizidi sentimita za mraba 10. Mpako mmoja wa haraka haufiki huko. Fundi apewe kopo, brashi na muda ulioandikwa kwenye ratiba, maana kazi isiyo na muda wake haifanyiki.

Bolti nimekwisha kuzisema. Niongeze tu kwamba bolti za kuchovya zina nati zake, zilizotengenezwa kwa nafasi kubwa kidogo ili zinki ipate pa kukaa, na kuchanganya na nati za kawaida kunaharibu hesi. Bolti za stenlesi kwenye trei ya zinki zinakubalika, kwa sababu kipande kidogo cha metali imara juu ya eneo kubwa la zinki hakileti madhara makubwa. Kinyume chake ni hatari: bolti ya zinki kwenye trei ya stenlesi italiwa upesi sana, kwa kuwa eneo lote kubwa linaifyonza ile ndogo.

Kosa la aina hiyo ninaloliona mara nyingi hapa ni la ethi. Waya wa shaba mtupu hulazwa juu ya trei urefu wote, kwa nia njema. Nje, mvua ikipita juu ya shaba inachukua chembe zake na kuziangusha kwenye zinki, na mstari wa kutu unafuata waya kama kivuli. Tumia waya wenye ganda la kijani na manjano, na vishikio vilivyopakwa bati jeupe. Pia usidhani trei ni ethi kwa sababu ni chuma. IEC 61537 inaruhusu trei kutangazwa kuwa inapitisha umeme kama ukinzani wa kila kiungo hauzidi milihomu 50, na kiungo kilichopakwa rangi au kilichoshika kutu hakitimizi sharti hilo. Mkaguzi anayepima ethi kwenye bodi peke yake hatalijua hilo.

Kuhusu nafasi za braketi, trei ya kawaida hushikwa kila mita moja na nusu. Kiwango kinaruhusu ipinde sehemu moja ya mia ya nafasi hiyo, yaani milimita 15, chini ya mzigo wake halali. Kiungo kiwekwe robo ya njia kati ya braketi mbili. Katikati ndipo inapopinda zaidi, na juu kabisa ya braketi hakuna nafasi ya kukaza nati. Trei inayopinda hukusanya maji na vumbi kwenye tumbo lake, na vumbi la Kisongo la Januari likilowa Machi linashika unyevu kama sponji. Mzigo na kutu vinakutana hapo.

Joto nalo lina hesabu yake. Chini ya bati lisilo na dari, usiku wa Julai na mchana wa Februari vinaweza kutofautiana kwa digrii 30 au zaidi. Trei ya chuma ya mita 20 hurefuka milimita 7, ya alumini 14, ya plastiki zaidi ya 40. Plastiki isiyoachiwa nafasi hujikunja na kung'oa skrubu zake. Chini ya bati hilohilo, alfajiri ya baridi, umande hudondoka ndani ya jengo ambalo mwenyewe analiita kavu. Maghala na karakana za Unga Limited na Themi zina hali hiyo, na ndiyo sababu ninayahesabu kama nje, daraja moja juu ya ofisi.

Ukaguzi ufanywe mara moja kwa mwaka, baada ya masika, mwezi Juni. Tochi, ngazi, kitambaa. Anza na bolti, halafu kingo zilizokatwa, halafu sehemu zilizo chini ya mabomba. Unga mweupe unafutwa na kuandikwa. Doa la kahawia linapigwa brashi ya waya na kupakwa zinki siku hiyohiyo.

Shamba lile la Usa River halikununua trei mpya. Ileile ilishushwa, ikaoshwa kwa maji safi, ikapimwa, ikaonekana bado ina zaidi ya mikroni 40 karibu kila mahali. Ikahamishiwa ukuta wa pili, mita nne kutoka kwenye matangi, kwa bolti za stenlesi na braketi mpya za kuchovya. Pipa la naitriki likapata mfuniko wenye bomba la kutolea mvuke nje. Kazi ilichukua Jumamosi na Jumapili, kati ya zamu za kumwagilia, na Jumatatu asubuhi pampu zikawashwa saa kumi na mbili kama kawaida.